Mtu wa Dar es Salaam katika filamu za Ujerumani: jinsi ya kuifuatilia kazi ya Mohamed Husen

Swali: Nasoma sanaa za maonyesho hapa Dar es Salaam. Nimesikia kwamba enzi za Hitler kulikuwa na mzaliwa wa jiji hili aliyecheza filamu nyingi Ujerumani. Wengine wananiambia alikuwa mwigizaji hasa, wengine wanasema alikuwa ekstra tu wa kujaza picha. Nataka kuandika tasnifu juu yake. Je, alikuwa mwigizaji kweli? Na nitaikusanyaje kazi iliyotawanyika namna hiyo?

Jibu: Alikuwa mwigizaji, ndugu yangu. Hao wanaobishana nawe wanapima kwa ukubwa wa jina kwenye bango, na kipimo hicho hakiwezi kumpima mwigizaji wa nafasi ndogo. Kazi yake hupimwa kwa namna nyingine: aliitwa mara ngapi, akapewa nini cha kufanya mbele ya kamera, na hadithi ilimhitaji kiasi gani. Ukitumia kipimo hicho utamkuta mtu aliyefanya kazi hiyo kwa miaka saba mfululizo, 1934 hadi 1941, katika filamu zisizopungua 23.

Jina la kuzaliwa ni Mahjub bin Adam Mohamed. Ujerumani alijulikana kama Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam tarehe 22 Februari 1904, baba yake akiwa askari wa Kisudani aliyepanda hadi cheo cha efendi katika jeshi la Wajerumani. Kijerumani alikijua angali mtoto, na kabla ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia alikuwa akifanya kazi ya ukarani Lindi. Mwaka 1914 baba na mwana wote wawili waliingia jeshini, mtoto akiwa na miaka kumi. Oktoba 1917 alijeruhiwa katika mapigano ya Mahiwa, Waingereza wakamteka. Vita vilipokwisha alifanya kazi melini, na mwaka 1929 akaenda Berlin kudai mishahara ya vita, yake na ya baba yake, ambayo haikuwahi kulipwa. Wizara ya Mambo ya Nje ikamjibu kwamba muda wa kudai umepita. Akabaki huko huko.

Hapa pana jambo la kuliweka mapema katika tasnifu yako: hakuwahi kuishi kwa filamu peke yake. Alikuwa mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe pale Potsdamer Platz. Tangu 1931 alikuwa pia msaidizi wa somo la Kiswahili katika Seminari ya Lugha za Mashariki ya chuo kikuu cha Berlin, akiwasomea wanafunzi na kuwasahihisha matamshi kwa ujira mdogo. Seminari hiyo ndiyo aliyofundisha Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo miaka 30 kabla yake, kwa hiyo Husen aliingia katika mstari mrefu wa Waswahili walioibeba lugha hii Berlin huku profesa akibeba cheo. Siku za kupiga picha alizipata katikati ya kazi hizo. Unapochora ratiba ya maisha yake, usiweke safu ya filamu peke yake. Weka safu tatu sambamba, ya uhudumu, ya ufundishaji na ya filamu, uone siku zinavyogongana.

Sasa turudi kwenye ubishi wenu. Katika nyaraka za filamu za Kijerumani utakutana na maneno matatu, na ukiyachanganya hesabu yako yote itaharibika. La kwanza ni Komparse: huyu ndiye ekstra, yumo katika umati, hana jina wala neno la kusema, analipwa kwa siku. La pili ni Kleindarsteller: ana tendo lake mwenyewe, pengine neno moja au mawili, anafungua mlango, anapokea mzigo, anatoa taarifa. La tatu ni Nebendarsteller, mwigizaji msaidizi: mhusika wake ana jina, ana mazungumzo, na ukimwondoa hadithi inatoboka. Husen alipita ngazi zote tatu. Sehemu kubwa ya filamu zake ni za ngazi ya kwanza na ya pili. Ngazi ya tatu aliifikia kwa uwazi kabisa katika filamu yake kubwa ya mwisho. Kwa hiyo ukiandika "filamu 23" usimaanishe nafasi 23 za aina moja, na ukiandika "ekstra" utakuwa umeikata nusu ya kazi yake.

Kwa nini aliitwa mara nyingi hivyo katika nchi iliyokuwa ikimbana kila upande? Jibu ni la kibiashara na la kisiasa pamoja. Filamu za matukio, za hoteli, za meli, za sarakasi na za makoloni zilihitaji watu weusi, na waliokuwa wakiishi Berlin walikuwa wachache, wengi wao wakijuana. Wakati huohuo serikali ilikuwa ikiwafungia milango ya kazi nyingine. Pasipoti za Kijerumani walizokuwa nazo watu wa makoloni ya zamani zilichukuliwa, wakapewa hati za wageni. Kuanzia 1933 hakuna aliyeruhusiwa kufanya kazi ya filamu bila kupitia Reichsfilmkammer, chombo kilichoundwa chini ya wizara ya propaganda ya Goebbels. Lakini wizara hiyohiyo ilitaka filamu za kudai makoloni yarudishwe, na filamu hizo haziwezi kupigwa bila nyuso za Kiafrika. Ndiyo maana studio ilibaki mahali ambapo mtu mweusi bado aliitwa kazini. Aliitwa ili acheze mtumishi, mpagazi au askari mwaminifu. Ukitazama filamu moja utadhani ni tabia ya hadithi hiyo. Ukizitazama tano mfululizo utaona nafasi ni ileile, kilichobadilika ni nguo tu.

Hili ndilo linalotofautisha kazi yake na ya mwigizaji msaidizi wa Kijerumani wa wakati huo. Mwenzake Mjerumani alianza na mpokezi wa hoteli, akapanda kuwa mwanasheria, akazeeka akicheza majaji na mapadri. Umri ulimwongezea nafasi. Husen hakuwa na ngazi ya kupanda kwa umri. Alikuwa "boi" akiwa na miaka 30, akawa "boi" akiwa na miaka 36. Usimlinganishe basi na Wajerumani peke yao. Mlinganishe na Louis Brody, mzaliwa wa Douala, Kamerun, aliyekuwa kwenye filamu tangu enzi za filamu bubu. Brody alikuwa pia mwimbaji na mpiganaji mieleka, jina lake lilikuwa mtaji, na mwaka 1941 alicheza mfalme Lobengula katika filamu ya Ohm Krüger. Hata hivyo naye alikuwa ndani ya ukuta uleule. Kuwaweka wawili hawa kando kwa kando kutakupa sura nzuri: mmoja alikuwa na jina la jukwaani kabla ya 1933, mwingine alianza baada ya mlango kufungwa nusu.

Filamu tatu zishike kwanza. Ya kuanzia ni Die Reiter von Deutsch-Ostafrika ya 1934, iliyoongozwa na Herbert Selpin, hadithi ya vita vya Afrika Mashariki, vilevile ambavyo Husen alipigana akiwa mtoto na kutoka na jeraha. Ya pili ni Zu neuen Ufern ya 1937, ambayo nyota wake ni Zarah Leander, ambayo itakuonyesha alivyotumika katika filamu kubwa ya burudani isiyohusu Ujerumani ya makoloni. Ya tatu ni Carl Peters ya 1941, Hans Albers akiwa Peters, na mwongozaji ni Selpin yuleyule. Mwongozaji mmoja yuko mwanzoni na mwishoni mwa kazi hii, na sijui mtafiti gani angeipita nafasi ya kulinganisha jinsi kamera yake ilivyomtazama mtu huyo baada ya miaka saba.

Carl Peters ndiyo mahali pa kukaa kwa muda mrefu. Msomaji wa Tanzania hahitaji kuelezwa Peters ni nani: mikataba ya mwishoni mwa 1884 kule Usagara, Uzigua, Nguru na Ukami, kisha watu walionyongwa Kilimanjaro, na jina la Mkono wa Damu. Serikali ya Ujerumani yenyewe ilimfukuza kazi mwaka 1897. Wanazi wakamsafisha na kumfanya shujaa, na filamu hii ilikuwa sehemu ya usafishaji huo. Husen alicheza Ramasan, kiongozi wa njia na mkalimani wa Peters. Mkalimani si mtumishi wa kubeba sinia. Anasimama katikati ya watu wawili wanaosemezana, kwa hiyo kamera haina budi kumweka ndani ya fremu kila mazungumzo yanapovuka lugha. Ndiyo maana hii ni nafasi yake kubwa kuliko zote, na ndiyo unayoweza kuichambua kama uigizaji: anasubiri vipi, anaanza kuitikia kabla au baada ya mwenzake kumaliza, macho yake yako kwa nani. Nyuso za namna hiyo, za mtu anayesikiliza, ndizo kazi halisi ya mwigizaji msaidizi popote duniani. Lakini andika pia bila kumung'unya maneno kwamba ustadi huo ulitumika kumpendezesha mtu aliyewanyonga watu wa nchi yake.

Sasa kazi yenyewe ya kukusanya. Anza na majina, kwani hapo ndipo watafiti wengi hupotea. Tafuta Husen, Hussein, Husein na Hussen, kila moja pamoja na Mohamed na Mohammed. Tafuta Bayume. Tafuta Mahjub na Majub. Halafu tafuta "bin Adam", kwa sababu makarani wa Kijerumani hawakujua "bin" ni nini, na jalada linaweza kuwa chini ya B, chini ya A au chini ya M. Weka orodha ya kila namna uliyoitafuta na tarehe uliyoitafuta, la sivyo utarudia kazi ileile mwezi ujao.

Kisha tovuti ya filmportal.de itakupa orodha ya kuanzia. Ichukulie kuwa dokezo. Orodha za waigizaji wa wakati ule zilichapisha majina ya juu tu, na walio chini waliongezwa baadaye na watafiti kwa kuwatambua sura. Hapo kosa ni jepesi: ni rahisi kumwita kila mtu mweusi anayeonekana nyuma ya Zarah Leander kwa jina la mtu mmoja. Jiwekee sharti la ushahidi wa aina mbili kabla ya kuihesabu filamu: jina lililochapishwa mahali, na sura uliyoilinganisha na picha mbili za uhakika. Kwa majina yaliyochapishwa, tafuta Illustrierter Film-Kurier, vijitabu vya filamu vilivyouzwa mlangoni mwa sinema, vyenye picha na orodha ya waigizaji. Deutsche Kinemathek ya Berlin inahifadhi nyaraka na picha za aina hii.

Utakapopata filamu, itazame mara tatu. Mara ya kwanza moja kwa moja, bila kusimamisha, uelewe hadithi. Mara ya pili zima sauti kabisa. Sauti ikiwapo jicho humfuata nyota. Ikizimwa, linaanza kuona pembeni, na huko pembeni ndiko aliko mtu wako. Mara ya tatu washa sauti na usimamishe kila anapotokea. Andika sekunde anayoingia na anayotoka, ukubwa wa picha (uso, kifua, mwili mzima, umati), kama anasema na anasema lugha gani, mhusika ana jina au hana, na mwisho jambo ambalo wengi hulisahau: mhusika mwingine anamtazama anaposema, au anaendelea na shughuli zake? Jumlisha sekunde za kuonekana kando, sekunde za kusema kando. Idadi hizo mbili kwa kila filamu, zikipangwa kwa miaka, zitakuonyesha mwenendo wa kazi yake kuliko maelezo ya kurasa kumi.

Kuna mtego wa urefu wa filamu. Kadi za ukaguzi za wakati huo hutaja urefu kwa mita. Filamu ya milimita 35 ikienda kwa picha 24 kwa sekunde hutumia takribani mita 27.4 kwa dakika. Filamu ya mita 3,000 basi ni dakika 109 na nusu hivi. Ukiipata kwenye DVD ya Ulaya utaikuta ya dakika 105, nawe utaanza kuandika kwamba kuna vipande vilivyokatwa. Havikukatwa. Diski na kanda za mfumo wa Ulaya huenda kwa picha 25 kwa sekunde, kwa hiyo kila kitu hufupika kwa asilimia 4. Zidisha muda wa DVD kwa 25, gawanya kwa 24, ndipo ulinganishe na mita. Ikiwa bado kuna upungufu wa dakika kadhaa, hapo ndipo uulize kimekatwa nini, na uulize kwa makini, maana wakataji wa baada ya 1945 walianza na maneno ya propaganda.

Kuziona filamu zenyewe si kazi ngumu kwa zile za burudani. Za propaganda ni jambo jingine. Haki za sehemu kubwa ya filamu za Kijerumani za kipindi hicho ziko kwa Friedrich-Wilhelm-Murnau-Stiftung ya Wiesbaden, na baadhi ya filamu za propaganda huonyeshwa kwa sharti tu, zikiwa na mtaalamu wa kuzitangulizia na mjadala baada yake. Andika barua rasmi kupitia chuo chako, utaje jina la filamu, mwaka, mwongozaji, na kusudi la utafiti. Ombi la mtu binafsi lisilo na chuo nyuma yake mara nyingi hukawia.

Kwa karatasi, nenda Bundesarchiv, yaani hifadhi ya nyaraka ya taifa la Ujerumani, tawi la Berlin-Lichterfelde. Majalada ya wanachama na waombaji wa Reichskulturkammer, chombo cha sanaa zote ambacho Reichsfilmkammer ilikuwa sehemu yake, yako chini ya R 9361, na mambo ya watu wa makoloni chini ya R 1001. Madai ya mishahara yatafute katika hifadhi ya Wizara ya Mambo ya Nje. Ya chuo kikuu yako katika hifadhi ya Humboldt-Universität. Ya kambi za mateso, Arolsen Archives, ambayo sehemu kubwa ya nyaraka zake unaweza kuzifungua kwa intaneti ukiwa hapo hapo Dar bila malipo.

Utakutana na karatasi zitakazokuumiza kichwa. Husen alivaa sare ya askari katika mikutano ya wapenda makoloni. Aliomba nishani ya wapiganaji wa vita, akanyimwa. Alishiriki katika Deutsche Afrika-Schau, maonyesho ya kuzunguka yaliyosimamiwa na serikali. Vita vilipoanza 1939 alijitolea kuingia jeshini, wakamkataa. Usizifiche karatasi hizi, wala usizisome bila tarehe. Weka kila ombi kando ya lililomtokea mwezi huo: kazi iliyopotea, hati iliyochukuliwa. Alimwoa Maria Schwandner tarehe 27 Januari 1933, siku tatu kabla Hitler hajawa Kansela, na alikuwa na watoto wa kulisha. Mtu asiye na uraia aliyekuwa na kitu kimoja tu cha kuwadai Wajerumani, utumishi wake wa vita, angeonyesha kitu kingine gani mlangoni mwao?

Carl Peters ilianza kuonyeshwa Machi 1941. Mwaka huohuo kazi ya Kiswahili chuoni ilikoma, na Agosti Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi, walimkamata kwa tuhuma ya uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, jambo lililofanywa kuwa hatia kwa sheria za Nürnberg za 1935. Hakufikishwa mahakamani. Walimpeleka kambi ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, akakaa humo miaka mitatu, akafa tarehe 24 Novemba 1944 akiwa na miaka 40. Kwa tasnifu yako maana yake ni hii: jalada la filamu linakatika ghafla penye nafasi yake kubwa kuliko zote, na asiyejua sababu anaweza kuandika kwamba "aliacha uigizaji". Hakuacha.

Msimamizi wako akidai ulinganisho na siku zetu, unao wa karibu. Charles M. Huber, ambaye baba yake alikuwa Msenegali, aliingia katika mfululizo wa televisheni wa Der Alte mwaka 1986 akiwa mpelelezi wa kudumu. Florence Kasumba, mzaliwa wa Kampala aliyekulia Essen, alicheza mkaguzi Anaïs Schmitz katika Tatort ya Göttingen, mfululizo wa televisheni wa upelelezi, kuanzia 2019 hadi 2024. Lipime jambo moja tu kati ya hao na Husen: ni nani anayeuliza maswali ndani ya onyesho, na ni nani anayejibu.

Ukipata safari ya Berlin, kijiwe cha shaba chenye jina lake kiliwekwa mwaka 2007 kwenye njia ya waendao kwa miguu mbele ya Brunnenstraße 193, mtaa wa Mitte, alikokuwa akiishi. Kipige picha, unakili tahajia ya jina kama ilivyochongwa, uiongeze kwenye orodha yako ya majina ya kutafuta.